Aliyecheka Kabla Yangu

Kiti cha mtafsiri hakiwekwi mbele ya watazamaji wala nyuma yao. Kinawekwa pembeni, mgongo ukigusa ukuta, jicho moja kwenye skrini na jingine kwenye nyuso za watu. Naanza na hili kwa sababu wiki iliyopita niliwatembelea nyie vijana wa Ilembo, hapa hapa Mpanda, mnaoingiza sauti za Kiswahili kwenye vipande vya filamu kwa simu. Nikawakuta mmejifungia chumbani, magodoro yamesimamishwa ukutani kuzuia kelele, na hakuna hata mmoja wenu anayemwona mtu atakayemsikiliza. Mkaniomba niwaandikie nilichojifunza katika kazi ile. Nikasema nitaandika ukurasa mmoja. Sisi tuliopita chuo kikuu tuna tabia ya kuahidi hivyo.

Kazi yenyewe, kwa ambao hamkuikuta, ilikuwa hivi: kibanda cha video, benchi za mbao, televisheni moja, deki ya kuchezea kanda, jenereta inayonguruma uani, na mtu mmoja mwenye maiki anayewaambia watu kwa Kiswahili yale yanayosemwa na Wazungu na Wachina. Mtu huyo alikuwa mimi. Nimestaafu mapema kuliko wenzangu waliopata ajira serikalini, si kwa uzee, ila kwa sababu kazi ilistaafu kabla yangu. Watu wananionea huruma. Wasinionee. Siku hizi naangalia filamu nimelala kwenye kochi, mtu akilia analia mwenyewe, akifa anakufa mwenyewe, mimi sihusiki. Hamjui raha ya jambo hilo.

Niliingia kazini kwa sababu ya digrii. Nilirudi Mpanda na shahada ya lugha, nikakaa nyumbani kusubiri ajira, nikasubiri mpaka mama akaanza kunitambulisha kwa wageni kama binti anayepumzika. Ndipo akaja Mzee Kalebu, mwenye kibanda cha video pale Ilembo. Zamani alikuwa akitafsiri mahubiri kanisani kutoka Kisukuma, kisha akahamia kwenye filamu za ngumi, na sasa sauti ilikuwa imemkauka. Alikuja na mkanda mmoja umefungwa kwenye gazeti.

"Mwanangu, nasikia umesoma lugha."

"Ndiyo, mzee. Kiswahili na Kifaransa."

"Basi soma hapa."

Nikaangalia lebo. Herufi zilikuwa na vikofia juu na vialama kila mahali. "Mzee, hiki siyo Kifaransa."

"Lakini si huko huko Ulaya?"

Mama yangu alikuwa amesimama mlangoni. Sikuwa na pa kukimbilia.

Kanda zile aliachiwa na wageni waliokuja kuchimba visima, walipanga nyumba yake, na wakati wa kuondoka wakamwachia katoni nzima kama shukrani. Lugha ilikuwa Kicheki, ya Wacheki wa huko Ulaya, jambo ambalo tulilijua baadaye sana. Nilizitazama zote bila kuelewa neno, nikagundua kitu kimoja: katika kila filamu kulikuwa na mama mmoja yule yule. Katika nyingine ni msichana mwenye nywele za kusuka anayehudumia wateja baani. Katika nyingine ni mke wa mtu, ana tumbo. Katika nyingine nywele zimeanza mvi, anaendesha treni. Inaonekana huyo mgeni aliyezikusanya alikuwa anampenda.

Mzee Kalebu alikuwa na kanuni: mwigizaji anapewa jina moja, na jina hilo halibadiliki hata filamu ikibadilika, maana watu hawaji kibandani kujifunza majina. Huyu tukamwita Rozi. Nikazipanga kanda kwa kufuata sura yake, kutoka ujana kwenda uzee, na kwa kuwa jina lilikuwa moja, filamu zote zikawa maisha ya mtu mmoja. Kazi nzima ya yule mwigizaji, miaka na miaka ya kuwa watu tofauti, hapa Ilembo ikageuka kuwa habari za jirani. Watu walikuja Jumamosi mchana kujua Rozi amefikia wapi.

Sasa mambo ya kazi. Tazameni filamu kwanza peke yenu, na mtazame sauti ikiwa imezimwa, maana sauti msiyoielewa inawadanganya kwamba mnaelewa. Msiongee juu ya kilio. Kilio hakihitaji mkalimani. Msiwe wa kwanza kucheka. Kunyweni uji wa vuguvugu kabla ya kuanza, siyo soda, maana soda itawarudi katikati ya maneno ya mapenzi, nami najua ninachosema. Na msigawe undugu haraka.

Hili la undugu nililipia. Katika mkanda wa pili Rozi alikuwa anaishi nyumba moja na kijana fulani, wanataniana, wanamenya viazi pamoja. Nikamfanya kaka yake. Nusu ya kwanza nzima akawa anamwita "kaka", kaka lete kisu, kaka baba amerudi. Kisha wakaenda ghalani, kaka akamshika kiuno wakabusiana, na hawakuwa na haraka.

Benchi ya mbele alikuwa amekaa Mama Siwema, fundi cherehani wa sokoni, mwanamke ambaye ulimi wake ulikuwa mkali kuliko mkasi wake. Akanigeukia taratibu.

"Wewe mwenye digrii. Huyo ni kaka wa nani?"

"Kaka wa kanisani," nikasema kwenye maiki.

"Aa," akasema Mama Siwema. "Hata kwenye kwaya yetu tunao wa namna hiyo."

Walicheka mpaka deki ikabidi isimamishwe. Tangu siku hiyo sijawahi kumpa mtu undugu kwenye skrini kabla sijamwona anakula na kulala wapi. Mama Siwema, kwa upande wake, tangu siku hiyo aliniona kama mradi wake binafsi. Alikosoa Kiswahili changu, alikosoa sauti niliyoigiza kwa wanaume, alidai mkanda usimamishwe aangalie kola ya gauni la Rozi vizuri. Baadaye nikaziona zile kola kwenye harusi za Mpanda nzima.

Mlima mwingine ulikuwa mkanda wa treni. Ilikuwa treni fupi, inapita katikati ya mji, kati ya maduka, na Rozi ndiye dereva amevaa kofia. Mji wetu ni wa reli; hapa ndipo reli inapoishia, na kila mtu ana maoni kuhusu treni. Nilijiandaa kueleza kwa upole kwamba Ulaya kuna treni za mjini. Sikupewa nafasi.

"Hiyo inafika Kaliua saa ngapi?" mtu akauliza kutoka nyuma.

"Haifiki Kaliua. Inazunguka humu humu mjini."

"Kumbe ni bajaji."

Nikaiacha iwe bajaji. Mzee Kalebu alinisifu. Aliniambia kwamba alipokuwa akitafsiri mahubiri alijifunza kitu kimoja tu, na hicho ndicho alichonipa kama urithi: "Usimtazame anayesema, mwanangu. Anayesema ameshamaliza kazi yake. Mtazame anayesikiliza, huyo ndiye atakuambia kimesemwa nini." Nilitingisha kichwa kwa adabu. Nilidhani ni mambo ya wazee wa kanisa. Chuoni tulikuwa na nadharia.

Kulikuwa na shida nyingine ambayo nadharia haikuisaidia. Kati ya mkanda ambao Rozi ni mama kijana na ule ambao ana mvi kulikuwa na pengo kubwa. Uso ulikuwa umeruka miaka. Watu wakauliza alikuwa wapi, na walikuwa na haki kuuliza. Nikawaambia alikwenda Usevya kulima mpunga. Wakakubali mara moja. Nusu yao walikuwa na shangazi aliyewahi kupotelea huko kwa kilimo hicho hicho. Mama Siwema tu ndiye aliyesema, "Na mikono laini ile? Labda alikuwa anasimamia."

Hapo ndipo akaja Dokta.

Dokta Luhende alikuwa daktari wa mifugo, mtu mrefu, mkimya, aliyeshinda vijijini na ng'ombe wa watu. Jumamosi moja alikuwa anapita na pikipiki, akaisimamisha nje, akaingia, akakaa benchi ya mwisho na kofia ya pikipiki mapajani. Sikumjali. Rozi alikuwa mezani na mumewe. Akasema kitu, na kabla sijafungua mdomo, Dokta akacheka.

Wanangu, hamjui uchungu huo. Mtu akicheka baada yako, umemchekesha. Akicheka pamoja nawe, amekisia. Akicheka kabla yako, anaijua lugha. Nilikuwa nimepanga Rozi aseme kwamba kodi ya nyumba imepanda. Nikasema kodi ya nyumba imepanda. Hakuna aliyecheka isipokuwa Dokta, kwa mara ya pili, na safari hii alikuwa ananicheka mimi.

Akarudi Jumamosi iliyofuata, akacheka mapema tena. Watu siyo wajinga. Kila Rozi akisema neno, vichwa vilianza kugeuka nyuma kwanza, kisha kuja kwangu, kama mtu anayepima kitambaa kabla hajakikata. Mama Siwema hakuvumilia.

"Dokta, huyu anasema kweli?"

"Mimi nimekuja kutazama, mama," akasema Dokta. "Sijaja kusahihisha."

Filamu ilipoisha nilimfuata kwenye pikipiki yake, nikiwa na maelezo marefu ya kitaalamu mdomoni. Hakuyahitaji. Aliniambia kwamba yeye alipokuwa kijana alisomea mifugo huko kwao Rozi, na alimwona mwigizaji huyo jukwaani kwa macho yake, amevaa gauni la kijani, watu wamesimama wanampigia makofi.

"Nimesikia ulimpeleka Usevya," akasema.

"Dokta, kulikuwa hakuna kanda za miaka ile."

"Hakukuwa na filamu. Alikatazwa. Alisema neno ambalo wakubwa wa huko hawakulipenda, wakamwondoa kwenye sinema. Nasikia alikuwa anafunga vifurushi ghalani, mwigizaji mkubwa namna ile. Mpaka upepo ulipobadilika wakamrudisha, sasa ni wa kuigiza mabibi." Akavaa kofia yake. "Kwa hiyo kumpeleka shamba hukukosea sana."

Nilimwomba achukue maiki yeye. Akakataa. Alisema akikaa kwenye kiti kile atasema kile tu anachosema Rozi, na watu watasinzia. Alikwenda zake, nami nikabaki nimesimama kwenye vumbi la pikipiki. Siku ile Rozi aliacha kuwa katoni ya kanda. Akawa mtu mwenye kazi kama mimi, ila yeye alinyang'anywa akangoja.

Ukabaki mkanda wa mwisho.

Niliutazama peke yangu siku ya Jumatano. Rozi mzee, amelala kwenye kitanda cha hospitali, mashavu yameingia ndani. Filamu nzima yuko kitandani. Watu wanakuja, wanaongea, wanaondoka. Mwishoni amebaki na nesi. Nesi anamwinamia kumweka sawa kwenye mto. Rozi anasema sentensi moja, fupi. Nesi anageuka upande, tunamwona mgongo tu, na mabega yake yanatikisika. Rozi anafumba macho. Skrini inakuwa nyeusi.

Nilirudisha nyuma tena na tena. Mabega ya mtu anayelia na mabega ya mtu anayecheka, ukiyatazama kwa nyuma, ni yale yale. Je, Rozi amekufa, au amelala? Sikujua. Na ningeweza kuchagua tu, kama nilivyochagua mpunga wa Usevya, kama si Mama Siwema.

Mama Siwema alikuwa na uvimbe tumboni. Alikuwa ameuficha chini ya vitenge kwa muda mrefu, mpaka hospitali wakamwambia lazima apasuliwe, na siku ikapangwa: Jumatatu, baada ya Jumamosi ya mkanda wangu. Wanawe walikuwa wamembembeleza, mchungaji alikuwa amembembeleza. Alikuwa anasema ndiyo kwa wote, na kila mtu alijua kwamba hataenda. Alhamisi nilimpitia pale sokoni kwenye cherehani yake. Hakuinua kichwa.

"Nasikia Rozi analazwa."

"Nani kakuambia?"

"Mzee Kalebu hana siri. Anapona?"

"Njoo uone, mama."

Akasimamisha cherehani. "Nisikilize, mwanangu. Mimi ninaogopa. Wote wanadhani mimi sijui kuogopa kwa sababu nasema sana. Huyu mwanamke nimemwona ameachwa na wanaume, amelima, ameendesha bajaji lile refu. Akitoka kitandani, Jumatatu naenda. Asipotoka, nabaki na uvimbe wangu, tumeshazoeana."

"Basi atatoka," nikasema.

"Wewe sikuamini. Wewe unaweza kumfufua kwa huruma." Akaanza tena kushona. "Nitamwangalia Dokta."

Nilimtafuta Dokta siku mbili zile kama mtu anayetafuta ng'ombe aliyepotea. Alikuwa Mpimbwe kwenye chanjo ya mifugo, na huko alikokuwa simu hazikushika. Tena alikuwa ameshaniambia kwamba filamu za uzeeni hakuziona. Zilitengenezwa akiwa amesharudi nyumbani. Kwa hiyo Jumamosi atakuwa anaiona kwa mara ya kwanza, mbele ya Mama Siwema, na uso wake utakuwa umeandika kila kitu. Nilitamani asije. Kisha nilitamani aje. Msiniulize nilitamani nini zaidi.

Alikuja. Filamu ilikuwa imeshaanza, akaingia na vumbi la safari kwenye nyusi, akakaa mahali pake. Mama Siwema alikuwa amehama benchi ya mbele. Alikuwa amekaa katikati, ubavu, ili skrini iwe kulia kwake na Dokta kushoto.

Nilitafsiri vibaya siku ile kuliko siku zote. Wageni wote waliokuja kumwona Rozi niliwafanya wamsalimie tu. Habari za leo, mama. Nzuri. Umekula? Nimekula. Hakuna aliyelalamika, hospitali ndivyo watu wanavyoongea. Mzee Kalebu alisimama mlangoni, ameshika fremu.

Tukafika. Nesi akainama, akaweka mto sawa. Nikaleta maiki mdomoni. Nilikuwa nimeandaa sentensi, nzuri tu, yenye matumaini, ambayo Dokta angeweza kuivunja kwa kukunja uso. Rozi akafungua mdomo, akasema maneno yake machache.

Nikanyamaza.

Miaka yote ya kazi ile sikuwahi kunyamaza mwigizaji akisema. Nilisikia jenereta nje. Sikutazama skrini kabisa. Nilifanya alichonifundisha Mzee Kalebu, nikamtazama anayesikiliza, na Mama Siwema alikuwa anamtazama huyo huyo.

Dokta alikuwa amekaza macho mbele. Kisha mdomo wake ukaanza kucheza upande mmoja, na akacheka. Siyo kile kicheko chake kidogo cha puani. Alicheka mpaka kofia ya pikipiki ikaanguka chini ikabiringika.

"Amesema zimeni taa alale," nikasema kwenye maiki, na sauti yangu ilikuwa imepanda juu mno, "kesho ana kazi."

Skrini ikawa nyeusi. Watu wakapiga makofi, wengine wakapiga benchi. Mama Siwema hakupiga makofi. Alikaa kidogo, akajifunga kitenge upya, akasimama.

"Haya," akasema. "Jumatatu."

Nje nilimkuta Dokta anafuta kofia yake. Nikamuuliza Rozi amesema nini hasa.

"Mito yao ni ya manyoya ya bata," akasema. "Amemwambia nesi, 'Bata wa mto huu nadhani ni yule niliyemfuga mimi. Mpaka leo ananidonoa.'" Akaanza kucheka upya.

"Kwa hiyo hakufa."

Dokta akafikiria. Alikuwa mtu mkweli, hiyo ndiyo shida ya watu wa mifugo. "Hilo sijui. Filamu imeishia hapo."

"Lakini wewe ni daktari."

"Wa mifugo. Na sithibitishi kifo cha mgonjwa ambaye sijampima." Akawasha pikipiki. "Nilichosikia ni mtu anatania. Kwa leo inatosha."

Jumatatu ile nilikwenda hospitali na binti yake Mama Siwema. Baadaye binti akatoka kwenda kutafuta uji, nikabaki peke yangu kwenye benchi la korido, nje ya wodi waliyomrudisha baada ya kumpasua. Mlango ulikuwa na pazia la kijani. Nilikaa pembeni, mgongo ukutani, kwa mazoea. Ndani kulikuwa kimya, kimya kirefu, na mimi ambaye kazi yangu ilikuwa kujaza ukimya sikuwa na neno hata moja la kuweka pale.

Kisha nyuma ya pazia nikasikia sauti ndogo, kavu, inasema kitu. Sikushika maneno. Na nesi akacheka.

Baadaye niliambiwa kwamba mgonjwa alikuwa amefumbua macho, ameangalia gauni walilomvalisha, ameuliza fundi gani alishona mkono mmoja mrefu kuliko mwenzake. Lakini hayo yalikuwa baadaye. Nesi alipofunua pazia kuja kunieleza hali yake, nilikuwa nimeshaegemeza kichwa ukutani na kufumba macho.

"Dada, mgonjwa wako ameamka," akasema.

"Najua," nikamwambia. "Nimekusikia wewe."